Bi Gunilla na Maneno Niliyoyapunguza

Mwanangu, upumbavu mkubwa kuliko wote wa ujana wangu niliufanya nikiwa nimekaa kitako, kwenye kiti chenye mto, kikombe cha chai mkononi. Nakuambia mapema ili usikae mkao wa kusikia habari za vita au za kuvuka jangwa. Mimi ni mtu wa nyumbani. Wenzangu walipokuwa vijana hapa London walikwenda dansi kila Jumamosi, mimi nilibaki napiga pasi mashati na kusikiliza redio. Hata kosa langu la ujana lilibidi linifuate ndani, maana lingeningoja barabarani lingezeeka.

Nakumbuka ilikuwa Jumanne, na mvua ilikuwa ile ya hapa, isiyonyesha wala isiyoacha. Nilikuwa na miaka ishirini na tisa. Mtu mmoja wa kanisani alinijia akasema kuna mama wa Kiswidi anatafuta mtu anayejua Kiswahili cha kwetu na cha Kongo pia. Mimi ni mzaliwa wa Kigoma, na Kiswahili cha ng'ambo ya ziwa nimekisikia sokoni tangu sijaota meno. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne kwa alama ambazo sitazitaja hapa kwa sababu wajukuu nao wanasoma. Lakini hapa ugenini, mtu wa kidato cha nne mwenye kalamu mfukoni anaonekana msomi. Nikauliza swali moja tu: huyo mama anaishi wapi? Nikaambiwa Kenton, mitaa miwili kutoka kwako. Kazi nikaikubali papo hapo. Ingekuwa Edmonton ningekataa. Edmonton ni mabasi mawili.

Mama mwenyewe aliitwa Gunilla. Alikuwa na miaka kama sitini, mrefu, nywele fupi nyeupe, miwani imefungwa kwa uzi shingoni. Kazi yake ilikuwa kukata filamu. Usicheke, nami nilidhani hivyohivyo, kwamba ni kuharibu. Mwongozaji anakwenda na kamera, anarudi na picha za saa mia moja, watu wanaongea, wanapika, wanakohoa, wanasahau walichotaka kusema. Halafu mtu kama Bi Gunilla anakaa nazo chumbani miezi mingi, anakata hapa, anaunga pale, mpaka inatoka saa moja na nusu ambayo wewe unaitazama bila kujua kwamba kuna mtu aliigusa. Alifanya kazi akiwa amesimama, mbele ya vioo viwili vya kompyuta, kwenye chumba cha juu cha nyumba yake. Ukutani kulikuwa na vikaratasi vingi, kila kimoja kikiwa ni kipande cha maisha ya mtu. Alikuwa akivipanga na kuvipangua kama mtu anayecheza karata peke yake.

Filamu yenyewe ilikuwa ya wanawake wanaotunza wazee hapa London. Kazi yangu ilikuwa kusikiliza wale wanaoongea Kiswahili na kumwandikia Bi Gunilla kwa Kiingereza walichosema. Yeye angekata kwa kufuata nilichoandika, na maneno yangu ndiyo yangetokea chini ya picha, watazamaji wasome.

Kati yao alikuwepo Mama Furaha, mtu wa Bukavu, anaishi Edmonton lakini tunasali naye kanisa moja. Mwanzoni kabisa mwa mahojiano alimtazama mwongozaji akasema kwa nini amekubali kukaa mbele ya kamera. Alisema hivi: "Mi naongea hapa kusudi mutoto yangu asome. Kiswahili yangu haisikie muzuri. Kiingereza atasoma." Furaha, binti yake, alikuwa na miaka kumi na mitano, na alikuwa kama nyinyi wengi mliokulia hapa. Ukimwambia leta chumvi, analeta. Ukimwambia habari za moyoni, anakutazama kama redio iliyopoteza stesheni, halafu anakujibu kwa Kiingereza.

Kisha Mama Furaha akasema lile alilokuja kulisema. Nakuandikia kama lilivyotoka mdomoni mwake, na njo yao ni ndiyo yetu, maana sasa nimejifunza.

"Siku walinipigia simu kama mama amekufa Bukavu, nilikuwa namulisha muzee mumoja uji. Kijiko iko mukononi. Sikulia. Nilimumalizia uji, nikamupanguza mudomo. Na nikamuchukia. Nikasema ndani ya roho, Mungu, huyu ana miaka makumi tisa, mbona haukumubeba yeye, ukabeba mama yangu? Nilitamani afe. Halafu ule muzee akashika mukono yangu, akaniambia asante. Njo nikaenda ku choo, nikalia. Nikatoka na uso kavu. Kufika nyumbani Furaha akaniuliza, Mum, hauna huzuni? Nikasema, tumushukuru Mungu. Tangu siku ile mutoto ananiangalia sawa mutu hana roho. Kwenda kuzika sikwenda, makaratasi haikukuwa tayari. Anafikiri sikutaka."

Mwanangu, niliposikia hayo niliweka kikombe chini. Mwanamke wa kanisani, anayesimama mbele siku ya Jumapili kuombea wagonjwa, anasema alitamani mzee wa watu afe! Nikajiona nimepewa dhamana ya kumsitiri. Wazungu watasemaje juu yetu? Na mtoto je, asome kwa macho yake kwamba mama yake alimwombea mtu kifo? Nikashika kalamu nikaandika kwa Kiingereza safi kabisa: Mama yangu alipofariki nilikuwa kazini. Ilikuwa huzuni kubwa. Niliendelea kumtunza mzee kwa upendo. Namshukuru Mungu.

Basi. Nilikwenda nyumbani nikapasha wali wa jana, nikala kwa amani ya mtu aliyefanya hisani.

Wiki tatu zikapita. Asubuhi moja Bi Gunilla akanipigia simu, akasema njoo. Nilimkuta amesimama palepale, miwani imepanda kichwani. Kwenye kioo alikuwepo Mama Furaha, amegandishwa mdomo wazi.

"Kaa, Isaka," akasema. Akaizima sauti kabisa, akaiachia picha iende. "Mimi huwa natazama kwanza bila sauti. Mtu akiongea lugha nisiyoijua, natazama mara tano. Angalia mkono wake."

Nikaangalia. Mkono wa Mama Furaha ulikuwa juu ya meza, vidole vimejikunja mpaka vifundo vimepauka.

"Hapa ndipo anaposhukuru?"

"Hapohapo. Ni Mkristo sana yule mama."

"Anashukuru kwa ngumi?"

"Kwetu tunashukuru kwa nguvu," nikasema.

Ndiyo, mwanangu, nilisema hivyo, mdomo wangu huu huu. Na wala hakucheka. Akairudisha picha mwanzo. "Ameongea dakika tatu kasorobo. Wewe umeniletea sentensi nne. Najua Kiswahili ni lugha ya heshima, lakini si heshima ya kiasi hiki. Nimekipanga kipande hiki kila mahali, mwanzo, katikati, mwisho, na kila ninapokiweka kinakataa. Uso unasema hivi, maandishi yanasema vile. Mmoja wao ananidanganya, na uso haukulipwa kufanya kazi hapa."

Akashuka jikoni. Nikasikia maji yanachemka, na nikafikiria kwa dhati kabisa kutoroka kupitia mlango wa mbele, ila viatu vyangu vilikuwa jikoni, maana Waswidi nao wanavua viatu ndani. Akarudi na kahawa na maandazi yao. Kumbe na wao wanatia iliki! Nilikuwa sijajua. Nilitafuna andazi lile, likanukia Idi ya majirani zetu Kigoma, nikalirudisha sahanini. Hapo ndipo nikasema yote. Nikamwomba aweke sauti, nikamtafsiria neno kwa neno, kijiko, uji, chuki, choo, uso mkavu, yote. Nilipofika pale mzee aliposhika mkono, nikajifanya nakohoa makombo.

Bi Gunilla akaivua miwani kichwani. Nikangoja anifukuze. Badala yake akaanza kunieleza habari zake, polepole, kama mtu anayefungua sanduku la zamani.

Alianza kazi Stockholm akiwa na miaka kumi na tisa. Wakati huo filamu ilikuwa utepe wa kushika mkononi, inakatwa kwa kisu na kuungwa kwa gundi. Kwa miaka miwili hawakumruhusu akate hata sentimita moja. Kazi yake ilikuwa kuokota vipande ambavyo mkuu wake amevikata, kuvitundika kwenye vimisumari juu ya kapu la kitambaa, kila kimoja na kikaratasi chake cha jina. Hata kipande cha urefu wa kidole hakikutupwa mpaka filamu yote iishe. Akaolewa, akaja London, mume akaondoka, kazi ikabaki. Filamu za watu wakubwa na za watu wadogo zimepita mikononi mwake, na majirani wote wa mtaa ule walidhani ni mwalimu mstaafu.

"Miaka arobaini nakata watu, Isaka," akasema. "Nakata kikohozi, nakata walichorudia, nakata uongo wao mdogomdogo. Kuna siku nakata kitu kizuri mpaka naumwa tumbo, kwa sababu filamu haikitaki. Lakini kwanza nakiona. Kukata ni kazi yangu. Yako ni kuleta. Ukinikatia kabla sijaona, nitajuaje nimepoteza nini?"

"Nilitaka kumsitiri," nikasema.

"Alikuomba umsitiri?"

Nikaokota makombo ya andazi mezani.

"Na si mimi uliyenikatia. Ni yule mtoto. Mama amezunguka kote huku, kamera, taa, watu wageni, ili amfikishie mtoto wake neno moja. Nawe umemsimamisha mlangoni." Akaangalia kalenda. "Ijumaa tunaifunga filamu. Nenda leo ukamwambie ulichofanya. Kama hataki maneno yake yatokee, nitayatoa na kipande chote nitakitoa. Lakini aamue yeye."

Kwa hiyo nilikwenda Edmonton. Mabasi mawili, mwanangu, kwenye mvua, mimi ambaye hata harusini huwa natuma salamu. Njia nzima nilikuwa natunga hotuba.

Nilimkuta Mama Furaha anapiga pasi sare yake ya kazini, ile ya buluu. Hotuba ikanikimbia, nikasema tu kwamba maneno yake niliyapunguza. Akauliza nilipunguza nini. Nikamwambia. Akaiweka pasi wima, akanitazama, akaanza kucheka.

"Weye Isaka! Mi nilikuomba sabuni?"

"Hapana, mama."

"Nilikuomba uyipeleke. Nani alikutuma uyifue?" Kisha kicheko kikamtoka usoni taratibu, akakaa kwenye ukingo wa kiti. "Ulitaka mutoto yangu asome tena tumushukuru Mungu? Ile njo nilimuambia mi mwenyewe. Ile njo ilituharibia nyumba."

"Lakini mama, atasoma kwamba ulitamani mtu afe."

"Asome. Miaka mbili sasa anafikiri sikupenda mama yangu. Afazali ajue niko mubaya kuliko afikirie niko jiwe." Akaishika pasi tena. "Yule muzee alikufa, Mungu amupumuzishe. Nilimuogesha siku ya mwisho na mikono yangu hii. Hiyo pia niliisema. Uliiandika?"

Sikuwa nimeiandika, mwanangu. Ilikuwa mwishoni kabisa, na kalamu yangu ilikuwa imeshakwenda nyumbani kula wali. Ndivyo inavyokuwa ukianza kumpunguza mtu: unadhani unamwondolea baya, kumbe unamwondolea na zuri lake.

Siku mbili nilikaa chumba cha juu na Bi Gunilla. Nilisema, akaandika, akauliza, "Ni kuchukia au kukasirika?" Nikasema kuchukia. Akauliza, "Ni roho au ni moyo?" Tukabishana nusu saa. Kisha akakata. Nilimwona akiondoa vitu vingi, hata vizuri. Alichokataa kukata ni kimya, pale Mama Furaha anapovuta pumzi kabla ya kusema nikamuchukia. Mwongozaji alikuja Alhamisi, kijana mwungwana, akasema kimya kile ni kirefu, watu watachoka. Bi Gunilla akamjibu bila kugeuka, "Wachoke."

Filamu ilionyeshwa kwanza kwa wenyewe waliomo, Jumamosi alasiri, kwenye ukumbi nyuma ya kanisa moja Edmonton, viti vya plastiki, sambusa mezani. Furaha alikuja kwa kulazimishwa. Alikaa safu ya pili, viti vitatu mbali na mama yake, kidude cha muziki kwenye sikio moja. Mimi nilikaa nyuma yake, na nakiri sikuitazama filamu hata kidogo. Nilitazama kisogo cha yule mtoto.

Mama yake alipotokea kwenye kioo, akainama kuangalia kucha. Kikaja kimya kile. Nadhani ni kimya kilichomfanya ainue kichwa, kwa sababu alidhani mtambo umeharibika. Akaanza kusoma. Akakitoa kile kidude sikioni. Yalipofika maneno ya choo na uso mkavu, mabega yake yakapanda, yakabaki juu. Mtu mmoja aliyekuwa anatafuna sambusa akaacha.

Furaha akainuka. Nikadhani anatoka nje. Akavuka viti vile vitatu, akakaa kando ya mama yake.

"Mum," akasema. Akajaribu Kiswahili, kikamkataa, akamalizia kwa Kiingereza, "mbona hukuniambia?"

"Njo nimekuambia."

Mtoto akalaza kichwa kwenye paja la mama yake, mkubwa vile, miguu imefika kiti cha jirani. Mama Furaha akamshika nywele, machozi yanamtiririka bila kuyafuta, akanong'ona kwa sauti ambayo sote tuliisikia, "Unapaka mafuta mingi sana, utaniharibia nguo."

Mwishoni majina yakapanda kwenye kioo. Jina la Bi Gunilla lilipita wakati watu wanatafuta makoti yao na kugombania sambusa za mwisho. Hakuna aliyelisoma. Niligeuka kumwangalia. Alikuwa amesimama mlangoni, koti limeshavaliwa, naye hakuwa anatazama kioo. Alikuwa anatazama safu ya pili.

Nilifanya naye kazi miaka mingine kumi na moja, mpaka macho yake yakamkataza. Baada ya hapo nilikuwa nakwenda kwake kila Alhamisi, mimi na ugeni wangu wa mitaa miwili, tunakula maandazi yake ya iliki na kubishana juu ya televisheni, nani kakatwa vibaya na nani kakatwa vizuri. Majira ya baridi ya juzi alifariki. Nilikwenda kwenye mazishi yake, nikarudi nyumbani, maisha yakaendelea.

Sasa nisikilize, maana najua umeruka ukurasa kutafuta nasaha iko wapi. Nyinyi mliokulia hapa mnabeba mzigo ambao hamkuuomba. Mnaitwa kutoka darasani kwenda na mama kwa daktari. Mnasimama na baba kwenye ofisi ya nyumba. Mnapigiwa simu na shangazi, mfasirie huyu, mwambie yule. Nanyi kwa aibu, au kwa haraka, au kwa mapenzi hasa, mnafupisha. Mama anaeleza maumivu yake dakika tano, wewe unamwambia daktari, anaumwa tumbo. Baba anasema amedhalilishwa, wewe unasema ana swali dogo. Usifanye hivyo, mwanangu. Peleka chote. Kikiwa kirefu, kiwe kirefu. Kikiwa na aibu, aibu ni ya mwenyewe, na huenda ndiyo aliyokuja nayo makusudi. Atakayepunguza apunguze akiwa amekwisha kuona. Na ukiwa tayari umempunguza mtu, panda hayo mabasi mawili ukamwambie. Usingoje mvua iache, hapa haiachi.

Mwenyezi Mungu akupe masikio yasiyochoka na ulimi usioona haya. Akupe watu wa kukusikiliza mpaka mwisho, wavumilie na kimya chako. Na siku utakayoshindwa kusema, akuletee mtu atakayetazama mkono wako.

Nilikuwa nimekusudia kuishia hapo. Lakini jirani yangu, Bi Kusum, mzaliwa wa Mwanza, ambaye huingia kwa mlango wa jikoni bila kubisha, alinikuta naandika akataka nimsomee, kwa sababu miwani yake huwa haioni pale inapotakiwa. Nikamsomea yote. Alisikiliza amekunja mikono, na nilipomaliza alisema neno hili, nami silipunguzi:

"Isaka, maisha ya nani hayo yaliyoendelea? Wiki nzima baada ya kumzika Gunilla ulikaa jikoni kwangu unalia kama mtoto, chapati zangu zinaungua. Andika hivyo, muongo wewe."